Fahamu: Mkataba wa barabara ulivyozuia ndege ya Tanzania

Agosti 2017 Watanzania walisikia kwamba ndege yao mpya aina ya Bombardier Q400 imezuiwa Canada. Chanzo kilikuwa barabara: kampuni ya Stirling Civil Engineering ilikuwa ikidai takriban dola milioni 38, kutokana na kuvunjwa kwa mkataba wa ujenzi wa barabara ya Wazo Hill hadi Bagamoyo.

Deni linafikaje huko? Serikali ikimwona mkandarasi anasuasua, inaweza kusitisha mkataba, lakini kwa utaratibu uliomo ndani yake: notisi ya maandishi, muda wa kurekebisha kasoro, kisha vipimo vya kazi iliyokwisha fanyika. Mkandarasi naye huja na madai yake: hati za malipo zilizokaa bila kulipwa, eneo la kazi kukabidhiwa kwa kuchelewa, mitambo iliyolala. Wasipoelewana, shauri huenda kwa wasuluhishi, na uamuzi wao hufunga pande zote.

Hapo ndipo penye hatari. Asiyelipa hutozwa riba, na kwa Mkataba wa New York wa 1958, mdai anaweza kuufuata uamuzi huo hadi nchi yoyote mwanachama yenye mali ya mdaiwa. Nimeona mjadala wa ndege hiyo ukiishia kwenye uzalendo. Kwangu swali kubwa ni kwa nini deni liliachwa likue.

Ndege ilitua Dar es Salaam Aprili 2018, miezi kadhaa baadaye kuliko ilivyotarajiwa.