Cha juu ni cha nani?

Msimu wa vitunguu ukifika Mang'ola, simu za madalali hazipoi. Mnunuzi wa Nairobi au Dar es Salaam hajui shamba lipi vitunguu vimekauka na lipi bado vina shingo mbichi. Mkulima wa Barazani naye hajui leo mjini wanasemaje. Dalali ndiye anayejua huku na huku. "Mama, soko limechafuka, wanachukua kwa tisini," anamwambia mwenye shamba. Mama anaguna, mwisho anakubali. Dalali anakata simu, anampigia mnunuzi na kumtajia laki na tano. Tuseme yamepakiwa magunia 40: shilingi 600,000 zimebaki kwa dalali, mbali na ujira wa udalali ambao mama naye atamlipa. Hicho ndicho cha juu, na kuanzia Karatu hadi Kariakoo wengi wanakiona ni haki ya mtu mchangamfu.

Kisheria, laki sita hizo ni za mama.

Uhusiano wao unatawaliwa na Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, iliyotungwa mwaka 1961 kwa kufuata karibu kifungu kwa kifungu sheria ya India ya mwaka 1872. Sheria yetu haidai wakala awe na ofisi, mhuri wala koti. Ukimtuma mtu akuuzie, akununulie au akusemee kwa wengine, naye akakubali, ni wakala wako. Maandishi si sharti. Hata malipo si sharti: shemeji anayekupelekea ng'ombe mnadani Karatu bila kudai senti bado anawajibika kwako, ingawa kwetu kumdai hesabu aliyekusaidia bure huonekana utovu wa adabu.

Wajibu unaovunjwa kuliko wote ni wa kutojinufaisha kwa siri. Wakala akijifanyia biashara yake ndani ya kazi aliyotumwa, bila aliyemtuma kujua na kuridhia, faida yote inaweza kudaiwa. Ile sheria ya India ilitoa mfano wa mtu aliyemtuma wakala akamnunulie nyumba. Wakala akarudi kusema haipatikani, kumbe ameinunua mwenyewe. Aliyemtuma anaweza kumlazimisha amuuzie kwa bei ileile aliyoinunulia. Ondoa nyumba, weka kiwanja kando ya lami pale Karatu, na mfano utakuwa wa juzi.

Najua dalali atakavyojitetea: "Si amepata bei aliyoikubali? Nimemwibia nini?" Jibu lilitolewa Uingereza mwaka 1888, katika kesi ya kampuni ya uvuvi ya Boston Deep Sea Fishing na mkurugenzi wake, Ansell. Alikuwa amepokea kamisheni ya siri kutoka kwa waunda meli. Zaidi ya hapo, alikuwa na hisa katika kampuni ya barafu iliyowapa wanahisa wake ziada kwa barafu iliyonunuliwa na meli wanazozisimamia. Kampuni ya uvuvi isingeipata ziada hiyo kwa njia yoyote, maana yenyewe haikuwa na hisa kule. Hata hivyo mahakama ilisema ni lazima aitoe. Haikuuliza kampuni imepoteza kiasi gani. Iliuliza yeye amepata nini kupitia kazi ya wenzake, na kama waliambiwa. Kanuni za Kiingereza zilipokelewa Tanganyika kama zilivyokuwa tarehe 22 Julai 1920, kwa hiyo Ansell na barafu yake si wageni katika mahakama zetu.

Barafu hiyo inanikumbusha maduka ya vinyago yaliyo njiani kuelekea lango la Lodoare. Mwongoza watalii anakata kona, wageni wanashuka kununua, na duka linamtolea chake. Kama kampuni iliyomwajiri inajua na imekubali, hakuna kosa. Hiyo ni sehemu ya malipo yake. Kama imekataza, au haijui, zile ni fedha za kampuni. Nadhani zipo kampuni zinazofumba macho makusudi, kwa kuwa mwongozaji anayelipwa na duka hasumbui sana kuhusu mshahara.

Ridhaa, basi, ndiyo inayotenganisha. Mkulima akisema mwenyewe, "Mimi nipe tisini yangu, inayozidi ni yako," dalali atakula cha juu na kulala usingizi. Lakini akiridhia baada ya kudanganywa kuwa soko limechafuka, ridhaa hiyo haimkingi dalali. Vivyo hivyo kwa anayechukua ujira kwa mkulima na kwa mnunuzi: anaruhusiwa pale tu wote wawili wanapojua. Akipokea kitu kwa mnunuzi ili amshushie mkulima bei, ametoka kwenye madai ya kawaida na kuingia kwenye jinai. Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya mwaka 2007 inamgusa wakala wa mtu binafsi pia, na inamgusa vilevile anayempa mwenye mali risiti ya uongo akijua ni ya uongo. Taasisi ya kupambana na rushwa, TAKUKURU, si ya maofisa wa serikali peke yao.

Wajibu mwingine ni mwepesi kueleza. Mfugaji wa Endulen akisema, "Usishuke chini ya laki saba," ng'ombe akiuzwa kwa laki sita, mwuzaji anafidia laki iliyopungua. Asipopewa maelekezo, afuate desturi ya mnada ule, na awe makini kama mtu wa kazi hiyo. Likitokea gumu, ajitahidi kumtafuta mwenye mali. Mtandao ukigoma na mali inaharibika, sheria inampa nafasi ya kuamua kama mtu mwenye busara. Lori limezama tope kwenye barabara ya Mang'ola, mvua inanyesha, vitunguu vinaanza kutoa maji: auze palepale, kisha alete hesabu.

Mali kauli ina utata zaidi. Mtu anachukua mzigo, analipa akishauza. Je, ni mnunuzi wa mkopo au ni wakala? Kama mzigo ukishatoka shambani ni wake, na bei mliyokubaliana inabaki palepale hata mzigo ukioza, huyo ni mnunuzi na faida ni yake. Kama hasara inarudi kwa mkulima, ni vigumu kwa aliyeuchukua mzigo kusema faida haimhusu mkulima. Wapo wanaotaka kuwa wanunuzi bei ikipanda na mawakala bei ikianguka; hao waulizwe kabla lori halijaondoka, mbele ya mtu wa tatu.

Mwenye mali akidai hesabu, wakala analazimika kuitoa. Anaweza kukata ujira wake na gharama halali, na sheria inamruhusu kushikilia mzigo mpaka alipwe. Ila aliyefanya hila katika kazi hupoteza ujira wa kazi hiyo, kwa hiyo mama wa Barazani anaweza kudai laki sita na kugoma kulipa udalali. Ujumbe wa simu na wa miamala ya fedha unapokelewa mahakamani kama ushahidi, chini ya Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015. Asiufute, na achukue namba ya mnunuzi wakati magunia yanapakiwa, kwa sababu bei halisi anaijua yeye aliyeilipa.