Kibangwa cha Ntemi na Dhana ya Wakati katika Unyamwezi

1.0 Utangulizi

Katika visasili na riwaya za kubuni za mataifa mbalimbali, hutajwa mara kwa mara kitu cha ajabu, kama vile pete, kioo au jiwe, ambacho mwenye nacho huweza kuusimamisha wakati au kuurudisha nyuma. Mtafiti atakayekwenda Tabora kutafuta kitu cha namna hiyo hatakipata. Atakachokikuta ni kibangwa, yaani kisahani cheupe kilichokatwa kutoka katika gamba la konokono wa baharini wa jenasi ya Conus, ambacho kilikuwa miongoni mwa alama za utemi pamoja na ngoma na ngozi za simba na chui. Makala haya yanajadili uhusiano wa kibangwa na wakati. Hoja yetu ni kwamba kibangwa hakikutawala wakati kwa nguvu zake chenyewe. Kilikuwa ishara ya cheo ambacho kazi yake kubwa ilikuwa kuufungua mwaka na kuhakikisha kuwa haukatiki.

2.0 Wakati kama majira

Ni vyema kwanza tufafanue wakati unaozungumziwa. Mvua za Tabora huanza takribani mwezi Novemba na kwisha Aprili au Mei. Miezi inayosalia ni ya kiangazi. Katika mazingira hayo, mwaka hauji wenyewe kwa kuhesabu siku. Mwaka huja pale mvua inaponyesha, na mvua ikichelewa, mwaka nao umechelewa.

Hata jina la Wanyamwezi linadokeza jambo hili. Kwa maelezo yaliyozoeleka, ni jina walilopewa na watu wa pwani, likihusishwa na upande wa magharibi ambako mwezi mwandamo huonekana baada ya jua kutua. Kwa mtu wa pwani, basi, Unyamwezi ulikuwa upande ambako mwezi mpya huanzia.

Misafara nayo ilifuata majira hayo. Wapagazi wa Kinyamwezi walikuwa pia wakulima, na wengi wao walipanga safari zao za pwani wakati wa kiangazi ili wawahi kurejea kulima. Burton na Speke, walioondoka pwani mwezi Juni 1857, walifika Kaze, karibu na mji wa sasa wa Tabora, tarehe 7 Novemba, siku ya 134 ya safari. Kwa hiyo suala la nani anafungua msimu halikuwa la shamba peke yake. Liligusa njia nzima.

3.0 Ntemi, moto na kibangwa

Neno ntemi hunasibishwa na kitenzi kutema, chenye maana ya kukata. Wapo wanaolieleza kwa kukata mashauri, na wapo wanaolieleza kwa kufyeka pori. Maelezo yote mawili yanaonyesha mtu anayeweka mwanzo: mwanzo wa amani baada ya ugomvi, au mwanzo wa makazi mahali palipokuwa mwitu.

Ntemi alishirikiana na wafumu, yaani waganga na waaguzi, katika shughuli za mvua. Aidha, mapokeo yanaeleza kuwashwa kwa moto mpya, ambapo mioto ya zamani ilizimwa na watu wakachukua moto kutoka kwa ntemi. Desturi hii inalingana na ile ya Mwaka Kogwa huko Makunduchi, Unguja, ambako kibanda huchomwa moto kuashiria mwaka mpya. Afya ya ntemi pia ilihusishwa na hali ya nchi: mwili wake ukidhoofu, mvua nayo ilihofiwa kudhoofu.

Hapa ndipo umuhimu wa kibangwa unapoonekana. Ntemi hufa, bali utemi haufi. Kibangwa, kwa kuwa hakiozi, kiliweza kuvaliwa na mrithi na kuwaunganisha waliotangulia na wanaofuata. Anayetazama mzunguko wa mistari ya gamba hilo anaweza kushawishika kuuona kuwa mchoro wa wakati unaozunguka. Ushawishi huo yafaa uepukwe, kwani maana ya kibangwa ilitokana na matumizi yake, si umbo lake.

4.0 Njia iliyoleta, njia iliyoondoa

Kibangwa hakikuzaliwa Unyamwezi. Kilitoka Bahari ya Hindi, na thamani yake ilitokana kwa sehemu na umbali huo. Mwaka 1854, katika nchi ya Walunda, Livingstone aliarifu kuwa visahani viwili vya namna hii vilitosha kununua mtumwa, na vitano vilikuwa bei nzuri ya pembe ya ndovu. Kitu kilichokuwa ishara ya kudumu kwa nchi kilikuwa, mahali pengine, bei ya binadamu.

Kadiri biashara ilivyopanuka, upekee huo ulipungua. Baadaye hata viigizo vya kauri kutoka Ulaya viliuzwa Afrika ya Kati. Wakati huohuo chanzo cha mamlaka kilibadilika. Mnywa Sele wa Unyanyembe alipotoza kodi bidhaa za wafanyabiashara Waarabu, walimwondoa kwa nguvu mwaka 1860 na Mkasiwa akashika nafasi yake. Kuanzia hapo bunduki zilikuwa na sauti katika kuamua nani avae alama za utemi. Isike alijilipua katika ghala lake la baruti mwezi Januari 1893 ili asikamatwe na Wajerumani. Reli ilifika Tabora mwaka 1912, na safari ya miezi ikawa ya siku. Mwaka 1963 serikali ya Tanganyika ilifuta mamlaka ya kisheria ya watemi.

5.0 Hitimisho

Tumeona kwamba kukiita kibangwa "kifaa cha uchawi" ni kosa la istilahi lenye madhara. Kiswahili hutofautisha uchawi, ambao hudhuru, na uganga, ambao hutengeneza. Na kibangwa kilikuwa upande wa kutengeneza. Mwanafunzi anayetafsiri hadithi za kubuni zenye vitu vinavyotawala wakati anayo hapa hazina ya maneno: kufungua mwaka, kuwasha moto mpya, kurithi utemi. Lakini maneno hayo yanadai uangalifu. Katika hadithi hizo, aliyeshika kitu ndiye mwenye nguvu. Katika Unyamwezi, aliyevaa kibangwa ndiye aliyedaiwa: mvua isiponyesha, ni yeye aliyeulizwa.