Angkor: siku nne katika mji wa mawe

Angalieni bendera ya inchi ya Kambodia. Rangi yake ni buluu na nyekundu, na katikati kuko nyumba nyeupe yenye minara mitatu. Mtoto anayejifunza bendera mu buku ya masomo atauliza: « Papa, hii nyumba ni ya nani? »

Ni hekalu la Angkor Wat. Minara yake ni mitano, lakini ukisimama mbele, macho yanaona mitatu tu, na hiyo mitatu njo waliitia ku bendera.

Kambodia iko Asia, kati ya Thailand, Laos na Vietnam. Kabila kubwa la kule ni Wakhmer. Toka miaka ya 800 mpaka miaka ya 1400 wafalme wao walitawala inchi kubwa, wakajenga mahekalu mamia na mamia. Leo wageni wanafika mu mji mdogo wa Siem Reap, wanatafuta kiongozi, kiisha wanatembea siku tatu, nne, hata saba. Sisi hatuna tiketi ya ndege, lakini macho ya kusoma tunayo. Basi, ndugu wasomaji, tumfuate kiongozi kwa siku nne. Na njiani tuchunge swali moja, swali ambalo mtu aliyekomalia karibu ya karieri anaweza kuuliza mbele ya wengine wote: haya mawe yalitoka wapi, na ni mikono ya nani iliyoyatoa?

SIKU YA KWANZA: HEKALU LA BENDERA

Watu wanaamka mbele ya jua kutoka. Ku mlango wa kukata tiketi wanakupiga picha, sura yako inaandikwa ku tiketi, juu mtu asiikopeshe mwingine. Bei ni dola 37 kwa siku moja, 62 kwa siku tatu, 72 kwa siku saba. Mzaliwa wa Kambodia halipi kitu: ni nyumba ya babu zake. Na katika kila tiketi, dola mbili zinakwenda ku hospitali za Kantha Bopha, ambako watoto wanatunzwa bure. Munganga mmoja wa Uswisi, Beat Richner, alizisimamisha tena baada ya vita, tangu mwaka 1992. Alikuwa akipiga zeze kubwa mbele ya watalii kusudi apate pesa ya dawa. Alifariki mwaka 2018.

Kiongozi atakuomba ufunike mabega na magoti. Usishangae. Angkor Wat ilijengwa kwa heshima ya Vishnu, mungu wa Wahindu, na mfalme Suryavarman wa Pili, aliyeanza kutawala mwaka 1113. Kiisha ikawa mahali pa Wabuda, na mpaka leo watawa wao wa nguo za rangi ya machungwa wanasali humo. Hata kama si dini yetu, mahali mtu anaposali tunaingia polepole.

Kwanza unavuka maji. Handaki lenye maji linazunguka hekalu pande zote nne, na upana wake ni metre 190. Kiisha unatembea ku njia ndefu ya mawe, na mnara wa katikati unapanda mbele yako mpaka metre 65. Ndani ya viraka vya nje, ukuta wote umechongwa: vita, wafalme, tembo, watu wanaovuta nyoka mkubwa sawa kamba.

Lakini kiongozi mzuri hatakuacha uangalie paka picha. Atakupeleka karibu na ukuta na kukuonyesha matundu madogo ya mviringo katika mawe. « Unajua ni ya nini? » Mafundi walitoboa yale matundu kusudi waingize vijiti, wafunge kamba, na kuliinua jiwe. Waliposimamisha ukuta hawakutia saruji. Walisugua jiwe juu ya jiwe lingine mpaka yakashikana, hata wembe haupiti. Nje waliweka jiwe la mchanga, lile laini la kuchonga. Ndani mwa msingi waliweka lateriti, ile nyekundu tunayoijua mu barabara zetu.

Na karieri? Iko chini ya mulima wa Kulen, karibu kilometre 40 toka pale. Mwaka 2012 wataalamu wa chuo kikuu cha Waseda, Japani, walitoa habari ya mahali zaidi ya 50 palipochimbwa mawe kule, na ya mifereji ya zamani inayotoka kule kuelekea Angkor. Mawe yalisafiri juu ya maji. Mchimbaji anakata, mwingine anaburuta mpaka mferejini, mwingine anapakiza, mwingine anapokea. Hii kazi wasomaji wetu wengi wanaijua bila kufundishwa.

SIKU YA PILI: SURA ZA WATU

Leo tunaingia Angkor Thom, mji wenye ukuta wa kilometre tatu kila upande. Aliyeujenga ni Jayavarman wa Saba, aliyetawazwa mwaka 1181, miaka minne baada ya adui Wacham kuuteka mji mkubwa. Katikati kuko hekalu la Bayon, lenye minara ya sura kubwa za mawe zinazocheka kidogo, macho yamefunga. Ukizunguka, kila mara kuko sura nyingine inayokuangalia.

Watalii wanapiga picha zile sura. Wewe shuka, uangalie ukuta wa chini. Pale hakuna mungu wala mfalme peke yake. Kuko mama anayezaa na wanawake wanaomsaidia. Kuko watu wanaopika, wanaouza samaki, wanaopiganisha majogoo na kubishana. Kuko gari la ng'ombe lililobeba chakula cha vita. Mjumbe mmoja wa China, Zhou Daguan, alikaa Angkor mwaka 1296 na 1297, akaandika aliyoyaona. Anasema biashara ilikuwa mikononi mwa wanawake: walitandika mikeka chini, kila mmoja na nafasi yake, wakauza toka asubuhi mpaka katikati ya mchana. Mama zetu wa soko wakisoma hii watacheka, juu wanajiona.

Karibu na pale kuko Ta Prohm, hekalu ambalo miti mikubwa imepanda juu yake. Mizizi inashuka ku ukuta sawa vidole. Huo mti unavunja ukuta, na tena unaushika usianguke. Ukiukata, vyote vinakwenda chini. Mwaka 1186 walisimamisha hapo jiwe la maandishi, na jiwe hilo linatoa hesabu: vijiji 3,140, na watu 79,365 waliotumikia hekalu hilo moja. Wacheza ngoma peke yao ni 615. Linataja tena hospitali 102 katika ufalme. Mchele wa watu wale wote ulilimwa na nani? Na vile vijiji. Jiwe la Ta Prohm linatupa hesabu yao. Ukuta wa Bayon unatupa sura zao. Ukitembelea moja bila lingine, umeona nusu.

Mbele ya kurudi, kiongozi anasimama ku hekalu la Baphuon. Wafaransa waliokuwa wakilitengeneza walilibomoa polepole, jiwe kwa jiwe, ili walijenge upya. Kila jiwe liliandikwa mu makaratasi mahali pake. Ikaja vita. Kazi ikasimama, na mwaka 1975, Khmer Rouge walipokamata mji mkuu Phnom Penh, yale makaratasi yakaharibiwa. Yakabaki mawe 300,000 yametandazwa porini, bila mtu kujua lipi linakaa juu ya lipi. Mwaka 1995 Wafaransa na Wakambodia wakaanza tena: kupima, kulinganisha, kujaribu. Walimaliza mwaka 2011. Miaka 16 ya kutafuta jirani ya kila jiwe!

SIKU YA TATU: WEZI, MULIMA NA PANYA

Toka mahekalu makubwa, unakwenda karibu kilometre 25 mpaka Banteay Srei. Ni hekalu dogo, la jiwe la rangi ya waridi, lilizinduliwa mwaka 967. Halikujengwa na mfalme. Lilijengwa na mshauri wake, Yajnavaraha. Michoro yake ni midogo na yenye ufundi kupita yote, utafikiri ni mbao.

Kwa ule uzuri, liliibiwa. Mwezi wa 12 mwaka 1923 kijana Mfaransa wa miaka 22 alifika pale na wenzake, wakakata sanamu za ukuta na kuzipakiza waende kuziuza. Wakakamatwa Phnom Penh. Korti ilimhukumu miaka mitatu ya kifungo, kiisha korti ya juu ikapunguza, na hakuingia gerezani. Jina lake ni André Malraux. Ndiye yule mwandishi tunayemsikia mu masomo, aliyekuwa waziri wa utamaduni wa Ufaransa toka 1959 mpaka 1969. Mawe yalirudishwa mahali pake.

Wakati wa vita vya baadaye wizi ukawa mkubwa zaidi. Ku hekalu la Koh Ker, sanamu zilikatwa, na pale chini yakabaki paka miguu. Miaka mingi ikapita, na wataalamu wakaona kama ile miguu inapatana na miili iliyokuwa Amerika. Mwaka 2013 nyumba ya makumbusho ya Metropolitan, New York, ilirudisha sanamu mbili. Mwaka 2014 ikarudi nyingine, iliyokuwa imetiwa mu soko la mnada. Ile miguu ndiyo ilikuwa shahidi.

Mchana tunapanda Phnom Kulen, mulima wenyewe wa karieri. Hapa, mwaka 802, Jayavarman wa Pili alijitangaza mfalme mkubwa. Kuko maporomoko ya maji, familia za Wakhmer zinakuja kuoga na kula pamoja. Mu mto, chini ya maji safi, mwamba umechongwa alama mamia za mungu Shiva, kusudi maji yanayoshuka mashambani yapite juu yake na kubarikiwa. Mwaka 2012 helikopta ilipita juu ya pori ikiangaza kwa mwanga wa laser, na chini ya miti ikaonekana mistari ya barabara na mabwawa: mji mzima uliofunikwa.

Hapa kiongozi anasema kwa sauti nyingine: « Musitoke ku njia. » Khmer Rouge walitawala toka 1975 mpaka 1979, na watu karibu milioni moja na nusu mpaka mbili walikufa kwa njaa, kazi ya nguvu na kuuawa. Vita vikaendelea miaka mingine mingi, na udongo ukajaa mabomu ya kutega. Kifaransa inayaita « mine », jina moja na mahali pa kuchimba madini. Lakini ile mine haitoi kitu, inakula miguu. Tangu 1979 imeua karibu watu 20,000 mu Kambodia, na kuumiza wengine zaidi ya 40,000.

Ni nani anayesaidia kuyatafuta? Panya! Panya wakubwa wanaofundishwa Morogoro, Tanzania, na shirika la APOPO. Panya ananusa baruti chini ya udongo, anakwaruza, anapewa ndizi. Uzito wake ni mdogo, bomu halipasuki. Mmoja wao, Magawa, alizaliwa Tanzania, akafika Kambodia mwaka 2016, akaonyesha mabomu zaidi ya 100. Mwaka 2020 alivikwa nishani ya zahabu toka Uingereza. Alikufa mwezi wa kwanza mwaka 2022. Ku Siem Reap wageni wanaweza kuona wenzake wakifanya kazi.

SIKU YA NNE: MTO UNAORUDI NYUMA

Siku ya mwisho ni ya bwato. Ziwa la Tonle Sap ni kubwa kupita yote katika Asia ya kusini-mashariki, na lina ajabu yake. Wakati wa kiangazi lina karibu kilometre za mraba 2,500. Mvua ikija, mto mkubwa wa Mekong unajaa mpaka unasukuma maji ndani ya ziwa. Mto wa Tonle Sap, ambao mbele ulitoka ziwani, unageuka na kurudi nyuma! Ziwa linapanuka mpaka mara tano au sita. Samaki wanaingia porini kula na kuzaa katikati ya miti. Ku Kompong Phluk nyumba zinasimama juu ya miguu mirefu ya mbao. Mwezi huu unapanda ngazi, mwezi mwingine unafunga bwato ku mlango.

Samaki huyu ndiye aliyelisha wachonga mawe wa Angkor. Leo anapungua, juu ya mabwawa ya umeme yaliyojengwa juu mu Mekong, uvuvi wa kupita kiasi na mvua zisizokuja kwa wakati. Wazee wa Angkor waliona jambo la namna hii. Mifereji yao na mabwawa yao, moja likiwa na urefu wa kilometre nane, yalikuwa nguvu yao. Kiisha, katika miaka ya 1300 na 1400, kulikuja ukame mrefu, na nyuma yake mvua kali sana. Mifereji ikavunjika, mingine ikajaa mchanga. Mwaka 1431 jeshi la Ayutthaya, toka upande wa Thailand, likaupiga mji, na wafalme wakahamia kusini. Mawe yalikuwa mazima. Maji ndiyo yalikuwa yameharibika.

Jioni bwato linarudi, wageni wanamlipa kiongozi wao na kuagana. Wanaobaki ni wenye inchi: anayeng'oa majani ku ukuta, anayeuza samaki, mtoto anayetunzwa ku Kantha Bopha kwa zile dola mbili. Mulima wa Kulen ulitoa mawe yake miaka elfu iliyopita, na mpaka leo watu wa pale wanakula kwa yale mawe, isipokuwa yale yaliyobebwa na wezi.

Basi mtoto akiuliza tena nyumba ya ku bendera ni ya nani, mumuonyeshe vile vitundu vya vijiti.

KWA MAZUNGUMZO NYUMBANI NA MU KIKUNDI CHA VIJANA

1. Kwetu, ni kazi gani ya babu zetu tunayoiona kila siku bila kujua nani aliifanya? Mzee gani anaweza kutueleza mbele hajafa?
2. Kile kinachotoka mu mulima wetu leo, wajukuu wataona nini yake baada ya miaka mia moja?
3. Maji yetu, mto na kisima, nani anayachunga?