Jinnah: Wakili Aliyeutetea Wakfu wa Familia

Wengi wetu tunamjua Muhammad Ali Jinnah kama mwasisi wa Pakistan, mwaka 1947. Kabla ya hapo alikuwa wakili, kisha mtunga sheria.

Alizaliwa Karachi 1876, akasomea sheria London, na akiwa na miaka 19 tu akapata uwakili. Alifanya kazi Bombay.

Wakati huo Waislamu wa India walikuwa na msiba. Mwaka 1894 mahakama ya rufaa ya Waingereza huko London iliamua kuwa wakfu wa mtu kwa kizazi chake, utakaowafikia maskini kizazi kikishakwisha, ni batili. Kwao hiyo haikuwa sadaka, ilhali Mtume (s.a.w.) ametufundisha kuwa kumpa jamaa ni sadaka na ni kuunga udugu.

Jinnah aliingia Baraza la Kutunga Sheria la India mwaka 1910, akapeleka mswada, na mwaka 1913 wakfu huo ukatambuliwa kisheria. Zanzibar tulingoja hadi 1946.

Basi ndugu zetu, mwenye wakfu wa wazee wake auandikishe mapema, wenye kuujua wangali hai. Wallahu aalam.