Mtoto wa Kulea na Mirathi: Andika Wasia Ungali Hai
Matanga yamekwisha, ndugu wamekaa kugawa nyumba, na binti aliyelelewa ndani yake tangu uchanga anaambiwa: "Wewe humo." Ndiye aliyemuuguza marehemu, lakini hana fungu. Je, amedhulumiwa?

Kwa hukumu ya mirathi, la. Mirathi hufuata nasaba na ndoa, na Sura ya Al-Ahzab, aya ya 4 na ya 5, imebainisha kuwa mtoto wa kulea huitwa kwa babake mzazi. Ndipo Zaid, aliyekuwa akiitwa mwana wa Mtume Muhammad (S.A.W.), akarejea kuitwa Zaid bin Haritha. Hapa Kenya nako, Sheria ya Watoto ya mwaka 2022 imeitambua kafala, yaani malezi ya Kiislamu yasiyobadili nasaba.

Hata hivyo, mlango haukufungwa. Mlezi aweza kumuusia mtoto huyo hadi theluthi moja ya mali yake, baada ya madeni. Penye shilingi 900,000 safi, wasia wafika 300,000, wala hauhitaji ridhaa ya warithi. Aweza pia kumpa hiba angali mzima, akamkabidhi kweli.

Basi enyi walezi, andikeni wasia mbele ya mashahidi wawili waadilifu, msingoje maradhi. Nanyi warithi, Sura ya An-Nisaa, aya ya 8, yawaagiza kuwapa kitu jamaa wasiorithi, mayatima na maskini wanaohudhuria ugawaji, na kusema nao kwa wema. "Wewe humo" si maneno ya wema.

Wallahu a'lam.