Utambuzi wa barafu kwenye ndege kwa infraredi

Utambuzi wa barafu kwenye ndege kwa infraredi ni njia ya kugundua barafu iliyoganda juu ya mabawa kwa kutumia mionzi isiyoonekana kwa macho, yenye urefu wa wimbi unaozidi ule wa mwanga mwekundu. Mionzi hiyo iligunduliwa na William Herschel mwaka 1800.

Hatari ya barafu si uzito wake tu. Tabaka jembamba lenye ukwaru kama msasa latosha kuvuruga mkondo wa hewa, na bawa hupoteza nguvu ya kuinua ndege. Barafu angavu ndiyo mbaya zaidi, kwa kuwa huonekana kama bawa lililolowa maji tu. Tarehe 27 Desemba 1991 ndege ya shirika la SAS iliruka kutoka Stockholm ikiwa na barafu ya aina hiyo, ingawa mabawa yalikuwa yamenyunyiziwa dawa ya kuiyeyusha. Barafu ilibanduka, ikaingia katika injini mbili zilizoko nyuma, zote zikazimika. Ndege ilianguka shambani karibu na Gottröra. Watu wote 129 walinusurika.

Kamera ya kawaida ya kupima joto haitoshi, maana bati la bawa na barafu iliyo juu yake huweza kuwa na baridi ileile. Kwa hiyo bawa humulikwa kwa infraredi ya karibu, hasa kati ya mikromita 1.1 na 1.3. Hapo maji na barafu hunyonya mionzi kwa namna tofauti. Kamera hulinganisha mwangwi wa mawimbi mawili au zaidi, kisha kompyuta hupaka rangi sehemu zenye barafu kwenye skrini. Bila kifaa hicho, mkaguzi hulazimika kupapasa bawa kwa mkono.

Kwa mtu wa Kariakoo, barafu ni ya kwenye friji. Lakini hata Tanzania, kwenye kimo cha takriban mita 4,500 hadi 5,000 halijoto hufikia sifuri. Kilele cha Kilimanjaro, mita 5,895, ni ushahidi. Ndege za ATR za Precision Air na Dash 8-400 za Air Tanzania, shirika lenye ofisi katika jengo la ATC, Mtaa wa Ohio, Posta, huweza kupanda hadi takriban mita 7,600, hivyo hupita ndani ya mawingu yenye baridi hiyo.

Angani, hata hivyo, kazi hufanywa na kijiti kinachotetemeka: barafu ikikishika, kasi ya mtetemo hupungua na rubani hupata onyo. Ndipo mipira iliyo kwenye ukingo wa mbele wa bawa hujazwa hewa ili kuivunja barafu. Mipira ya ATR ilipanuliwa baada ya ajali ya Roselawn, Marekani, tarehe 31 Oktoba 1994, iliyoua watu 68.