SWALI LA BIBI KIZEE LILILOMGANDA DEBBIE

Jamani, kuna maswali yanaulizwa kwa tabasamu lakini yanakata kuliko wembe. Upo hapo?

Twende Uingereza. Katika miaka ya 1990 televisheni ya BBC ilikuwa na kipindi cha mazungumzo kilichoitwa The Mrs Merton Show. Mwenye kipindi ni bibi kizee wa miwani na mvi, mpole utadhani anakukaribisha uji. Kumbe wapi! Ni mchekeshaji Caroline Aherne, dada wa miaka thelathini na kidogo, kajivika uzee. Mastaa wanakwenda wenyewe kujinadi, bibi anawapa vidonge vyao, wazee wastaafu waliojaa ukumbini wanavunjika mbavu. Ukinuna, umeumbuka mara mbili!

Siku moja akaketi Debbie McGee, mke na msaidizi wa mfanya mazingaombwe maarufu, Paul Daniels. Walioana 1988. Mzee alimzidi miaka 20, na mapene alikuwa nayo. Bibi akauliza taratibu: hivi ni kitu gani hasa kilikuvutia kwa milionea Paul Daniels?

Ukumbi hoi.

Hakutukana, hakuzusha. Sumu yote ilikuwa kwenye hilo neno "milionea". Watu walikuwa wananong'ona zamani, bibi akawasemea. Tangu siku hiyo, ukimtaja Debbie, swali linafuata nyuma. Huku kwetu angeshabatizwa jina: mchuna buzi.

Sasa piga hesabu. Mchuna buzi hukaa mpaka buzi likonde, kisha kwaheri. Debbie alikaa karibu miaka 28, hadi Machi 2016 Daniels alipofariki kwa uvimbe wa ubongo. Aherne naye alifariki Julai mwaka huohuo. Mwaka 2017 Debbie, aliyesomea balei tangu usichana, aliingia shindano la dansi la televisheni, Strictly Come Dancing, akafika fainali na miaka yake 59. Safari hii watu walimpigia kura yeye, siyo pochi ya mtu.

Aherne simlaumu, kuchekesha ndiyo kazi yake. Nasema mimi na wewe. Binti wa mtaani akiolewa na mzee mwenye gari, nani anauliza kama wanapendana? Tunauliza gari aina gani.

Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Au siyo?